Walioachwa Kituo cha Midi

Nilimtambua pale alipomfinya mwanangu paja.

Mpaka dakika hiyo alikuwa mgeni kama wageni wengine. Alifika Jumapili saa tisa alasiri kama alivyoahidi, akapangusa viatu mlangoni mara mbili, akampa mke wangu Makale boksi la chokoleti, akasifu harufu ya kisamvu iliyojaa nyumba nzima. Mzungu anayekaribia miaka sitini, upara unang'aa, koti refu la sufu. Wakala wa wachezaji. Mwanangu Morlaye alikuwa amelitaja jina lake wiki nzima, Dewachter hivi, Dewachter vile, mpaka nikalichoka. Jina lenyewe halikunikumbusha kitu, maana yule niliyemjua mimi alijiita Rik tu, na alikuwa na nywele za manjano mpaka mabegani.

Tulikaa sebuleni kwetu, ghorofa ya tatu, Seraing, Ubelgiji. Morlaye alikuwa kwenye kochi, mgongo wima kama bwana harusi. Mgeni akainama, akamwekea kiganja juu ya paja, akafinya mara mbili, juu kidogo ya goti, halafu karibu na nyonga.

"Chuma!" akamwambia mke wangu. "Hiki ni chuma, mama!"

Mwili wangu ulijua kabla ya kichwa. Niliitua mezani sahani ya wali niliyoshika, nikazitafuta nywele za manjano kwenye ule upara.

Mwaka 1997, Kindia, kwetu Guinea, tulipangwa mstari vijana arobaini kwenye uwanja wa vumbi nyuma ya soko, na mtu mwenye nywele za manjano akapita akitufinya mapaja mmoja mmoja kama mnunuzi wa ng'ombe mnadani. Kwangu alisimama. Kwa rafiki yangu Lansana Bangura alisimama. Tulikuwa na miaka kumi na sita. Baba yangu aliuza kiwanja, na mama yake Lansana, fundi wa nguo, aliuza cherehani aliyokuwa akimlishia mtoto huyo. Tukapanda ndege. Tulilala wiki tatu juu ya baa moja huko Flanders, tukafanya majaribio kwenye klabu ya daraja la pili ambayo sasa imeshakufa, katika baridi ambayo hatukujua kwamba Mungu aliiumba. Kocha akasema tumechoka na tu wepesi mno wa mwili. Siku ya pili yake Rik akatupakia garini mpaka Brussels, kituo cha treni cha Midi. Akasema kuna klabu nyingine inatungoja, tumsubiri chini ya saa kubwa, anakwenda kununua mikate.

Hiyo ilikuwa saa nne asubuhi. Ilipofika saa tisa, Lansana alikuwa bado anasema, "Foleni ndefu, bwana." Taa zikawashwa. "Foleni ndefu." Pasipoti zetu alikuwa nazo Rik.

Miaka mitatu tuliishi bila karatasi za ukaazi. Tulichuma mapeasi, tuliosha vyombo, tulibeba saruji. Machi mwaka 2000 Lansana alianguka kutoka ghorofa ya nne ya jengo lililokuwa likikarabatiwa kule Charleroi. Mwenye kazi alisema hamjui. Waliokuwa wakifanya naye kazi walisema hawamjui. Mimi peke yangu nilisema namjua, na kwa kuwa sikuwa na karatasi, niliyesema kweli ndiye niliyefungwa pingu. Mwaka uleule serikali ikawapa karatasi watu wengi wa aina yetu. Nilipata mimi. Mama yake Lansana alinipigia simu kila Ijumaa hadi alipofariki, na kila mara alianza na maneno hayohayo: "Sekuba, si mlikuwa wawili?"

Haya yote mwanangu hakuyajua. Lazima niseme hilo, hata kama linaniaibisha. Alipokuwa na miaka sita aliniona napiga danadana uwanjani, akaniuliza kama niliwahi kucheza mpira wa kweli. Nikamwambia nilicheza daraja la pili misimu miwili, goti likanitupa. Uongo ukishautamka kwa mtoto wa miaka sita, anaukuza yeye. Aliwasimulia walimu. Aliwasimulia makocha. Alivaa namba sita utotoni kwa sababu nilimwambia ndiyo ilikuwa yangu.

Basi sasa tuko mezani, na Dewachter anakula kisamvu chetu, anaeleza mipango. Morlaye ana miaka kumi na minane, ni winga wa kulia wa kikosi cha vijana cha klabu kubwa hapa mjini. Ubelgiji wanamtaka timu ya taifa ya vijana, Guinea nao wanamtaka. Dewachter anasema achague Ubelgiji, jina litapanda, Wajerumani watakuja.

"Umewahi kufika kwetu Guinea, bwana Dewachter?" nikamuuliza.

"Ehee! Naipenda sana. Conakry, Kindia, Labe. Zamani hizo, ndiyo kwanza naanza kazi. Vipaji, mzee wangu! Unaokota tu!"

"Kindia uliokota wangapi?"

Akacheka. "Nani anakumbuka? Nimesaidia mamia ya vijana."

"Wawili," nikasema. "Uliokota wawili. Mmoja beki wa kushoto, mmoja kiungo. Ukawapeleka Midi, ukaenda kununua mikate."

Makale akaacha kula. Yeye alijua sehemu ya mambo haya, si yote. Morlaye alinitazama kana kwamba nimepandwa na homa. Na yule bwana akanitazama pia, akanitazama vizuri kabisa, kwa heshima, huku akitafuta sura yangu kichwani mwake. Hakuiona. Wallahi, hakuiona. Nimekuwa nikimwona mtu huyu miaka ishirini na sita. Nimemwona kwenye foleni za benki, nimemwona kwenye mabasi, nimemwona nikifumba macho. Yeye hakuwa na hata kivuli changu.

"Aa," akasema taratibu. "Kumbe ulikuwa mmoja wao. Mpira ni mkatili, rafiki yangu. Kumi wanaondoka, anafika mmoja. Mwanao ndiye huyo mmoja. Usimchanganyie mambo yake na yako."

"Lansana yuko wapi?"

"Lansana nani?"

"Huyo beki wa kushoto."

"Nitajuaje mimi, bwana?"

"Yuko makaburini, Robermont, hapa mjini. Mstari wa mwisho, karibu na ukuta. Alikuwa na miaka kumi na tisa."

"Oo. Pole sana. Kweli, pole sana." Halafu akatazama saa yake ya mkononi.

Laiti asingetazama saa. Nilijikuta nimemshika kola, uma umeanguka, Makale anapiga kelele, "Sekuba! Sekuba, mtoto yupo!" Nilimburuta mpaka mlangoni. Hakupigana. Alipofika ngazi akalinyoosha koti lake, na badala ya kuongea nami akamwambia Morlaye juu ya bega langu, kwa sauti ya upole: "Una miaka kumi na minane, kijana wangu. Namba yangu unayo."

Nilipofunga mlango mwanangu alikuwa amesimama katikati ya sebule.

"Baba, ulicheza timu gani?"

Nikainama kuuokota uma.

"Nimekuuliza. Daraja la pili, misimu miwili. Timu gani?"

"Sikucheza."

"Na goti?"

"Goti langu zima."

Aliketi. Nilitegemea hasira zake zingemwangukia yule mtu. Ndivyo nilivyofikiri: sasa anajua, sasa tutakuwa wawili. Kumbe.

"Miaka kumi na miwili," akasema. "Miaka kumi na miwili nawaambia watu baba yangu alikuwa mchezaji. Ukiniambia kaba ndani, nakaba ndani. Ukiniambia usimwamini kocha, simwamini. Nilidhani unajua. Kumbe hujui kitu, ulikuwa unanifundisha woga wako!"

"Nyamaza! Yule mtu alituacha kama takataka!"

"Alikuacha wewe! Mimi hakuniacha! Mimi nimezaliwa hapa, baba. Nina kitambulisho, nina mwanasheria wa klabu, nina simu. Akiniacha kituoni napanda treni narudi nyumbani!"

"Na Lansana?"

"Simjui Lansana! Hujawahi hata kulitaja jina lake ndani ya nyumba hii, leo unataka nimlilie?"

Nilinyanyua mkono. Makale akaudaka hewani. Ni mwanamke mfupi, kazi yake ni kuwageuza wazee kitandani kwenye nyumba ya wazee, ana nguvu kuliko wanaume wengi. "Ukimpiga," akasema, "hutaniona tena mimi." Nikaushusha. Morlaye akachukua begi la mazoezi, akaenda kukaa kwa rafiki yake mmoja, mji wa Herstal.

Siku kumi baadaye akasaini na Dewachter. Niliambiwa na mama yake, jikoni, akiwa amenipa mgongo.

Sikupiga kelele. Nilichukua likizo ya wiki moja kazini kwangu, kule uwanja wa ndege wa mizigo ninakopakia makontena, nikapanda treni mpaka Antwerp. Ofisi ya Dewachter iko kwenye mtaa mzuri wenye miti. Ukutani mapokezi wametundika picha za wachezaji, labda hamsini, wote wanatabasamu, weusi wengi kuliko weupe. Nilizipitia moja moja. Binti wa mapokezi akaniuliza namtafuta nani. Nikamwambia namtafuta Lansana Bangura, beki wa kushoto. Akaandika jina, masikini, akaenda ndani kuuliza. Aliporudi alikuja na walinzi wawili.

Nje, kando ya geti, barabara ni ya watu wote. Nilikuwa na picha moja ya Lansana, ile tuliyopigwa Kindia siku ya kuondoka, amevaa suti ya mjomba wake, mikono ya suti imemfunika vidole. Nilikwenda duka la fotokopi, nikaikuza ikawa kubwa kama mlango wa kabati, nikaibandika kwenye kadibodi, nikaandika chini kwa kalamu nyeusi: LANSANA BANGURA. RIK DEWACHTER ALIMLETA UBELGIJI AKIWA NA MIAKA 16 AKAMWACHA KITUO CHA MIDI. AMEKUFA. Nikaongeza namba yangu ya simu, nikasimama nayo.

Nilisimama siku nne. Polisi walikuja mara mbili, wakatazama karatasi zangu, wakatazama geti, wakaniambia nisizuie magari. Bibi mmoja mwenye mbwa alinitukana, siku ya pili akaniletea kahawa. Vijana walipita wakapiga picha kwa simu. Siku ya tatu Dewachter mwenyewe alishusha kioo cha gari akasema, "Unamharibia mwanao, unajua?" Nikamjibu, "Taja jina lake kwanza." Akapandisha kioo.

Picha zile zilisambaa. Jumatano mchana Morlaye akanipigia.

"Upo wapi?"

"Antwerp."

"Najua upo Antwerp! Dunia nzima inajua upo Antwerp! Nimeingia chumba cha kubadilishia nguo, Yannis ananionyesha simu, 'Oya, huyu si mshua wako?' Kikosi kizima wanacheka. Golikipa kaandika jina langu kwenye kadibodi, kasimama nayo mlango wa bafu. Unataka nini, baba? Niambie unachotaka!"

"Nataka alitaje jina."

"Akishalitaja?"

Nikasema nitajua akishalitaja. Akakata.

Alhamisi jioni, narudi kwenye treni, simu ikaita kutoka namba nisiyoijua. Sauti nzito, ya Kikameruni.

"Wewe ndiye wa kadibodi?"

"Ndiye."

"Naitwa Etonde. Niko Charleroi, naendesha teksi. Mimi aliniacha hotelini Ostend, mwaka tisini na tisa. Alisema anakwenda kuegesha gari vizuri."

Nilisikia kiashiria cha teksi yake kikilia tik, tik, tik. Kisha akasema, "Ndugu yangu, na mimi nilimsubiri siku nzima. Mpaka wakaja kufanya usafi."

Baada yake akapiga Mwivory wa Lille. Akapiga Mtogo wa Namur, fundi bomba. Kufikia Jumapili iliyofuata walikuwa wanaume tisa sebuleni kwangu, wengine wamekaa kwenye mikono ya makochi, wengine sakafuni, na Makale anapika sufuria ile kubwa ya sherehe. Watu wazima. Wenye vitambi, wenye mvi, wenye watoto vyuoni. Etonde alikuwa mkubwa kama friji, na alipofika kwenye habari ya kumpigia simu mama yake Douala kumwambia kwamba anacheza, kwamba wiki ijayo ataonekana kwenye televisheni, alifunika uso kwa kofia. Ndipo nilipogundua kwamba wote, bila kuacha hata mmoja, tulidanganya. Mwivory alimdanganya mkewe mpaka leo. Mtogo alinunua jezi ya klabu dukani, akapigwa picha, akaituma kwao.

Tulikuwa katikati ya mazungumzo hayo mlango ukafunguliwa kwa ufunguo. Morlaye. Alikuja kuchukua njumu zake za mvua. Akasimama kwenye korido, hakuingia, hakutoka. Etonde alikuwa hajui huyo ni nani.

"Mimi sikumlaumu sana kwa kuniacha," Etonde alikuwa anasema. "Biashara ni biashara, mpira nilikuwa siujui kivile, nasema ukweli. Ninachomlaumu ni ile pasipoti. Angeiacha mapokezi. Angeiacha tu pale kaunta, aandike jina langu. Ningekwenda nyumbani nikacheka na ndugu zangu. Miaka saba nimekaa nchi hii kwa kukosa kijitabu. Baba yangu kazikwa mimi nipo Charleroi naosha magari."

"Wewe uliyesimama hapo, kijana," Mtogo akasema, "ingia basi, kuna upepo."

Morlaye akaingia. Akaketi chini kando ya televisheni, begi mapajani, akasikiliza mpaka wa mwisho akamaliza. Wageni walipoondoka alisaidia kukusanya vikombe, akaviosha, akavipanga juu ya taulo kama mama yake anavyotaka. Nilisubiri aniombe radhi. Nadhani naye alisubiri nimwombe. Hakuna aliyeomba. Alinitazama akasema:

"Hilo kaburi liko upande gani?"

Tukaenda siku ya pili yake, mimi na yeye, baada ya mazoezi yake. Alisoma jiwe, maana ni kijiwe tu, jina na miaka. Akasema, "Mdogo." Nikasema, "Mdogo kuliko wewe kwa miezi, alipopanda kiunzi cha ujenzi mara ya kwanza." Akafuta majani kwa kiatu. Basi.

Wiki ile alivunja mkataba na Dewachter. Mwanasheria wa klabu alisaidia. Kulikuwa na kipengele cha kujitoa ndani ya siku thelathini, sijui. Nilifurahi kama mtu aliyefunga goli. Nikampigia simu shemeji yangu Conakry kwamba sasa kijana atakuja kwetu, atavaa jezi nyekundu, wapigie watu wa shirikisho. Morlaye alinisikia.

"Nani kakwambia naenda Guinea?"

"Baada ya yote haya bado utawachezea hawa?"

"Hawa kina nani, baba?"

"Hawa! Walionifunga pingu kwa kumjua rafiki yangu!"

"Mimi siwachezei waliokufunga pingu. Nimekwenda Guinea mara mbili. Mara zote mbili walinicheka ninavyolitamka jina langu mwenyewe. Shangazi ananiita Mzungu mweusi."

"Na hapa hawakucheki? Hapa wanakutolea sauti za nyani!"

"Wananitolea. Nikiwa na miaka kumi na moja walinitolea, ulikuwepo, ulinyamaza ukanipeleka garini. Lakini wale wa hapa nawajua. Najua shule waliyosoma, najua lugha ya kuwajibu. Nataka tugombane nikiwa kwetu."

"Hapa si kwenu!"

"Ni kwangu. Kwenu wewe ndiyo sijui ni wapi."

Hayo aliniambia mbele ya mama yake. Na Makale, badala ya kumkemea, akasema taratibu, "Sekuba, mtoto hajakosea hapo." Nilitoka nikatembea kando ya mto, kwenye viwanda vya chuma vilivyofungwa, nikitukana kwa Kisusu, lugha ya kwetu, mpaka koo likakauka. Niliwatukana wote. Nilimtukana Dewachter, na kocha aliyesema tu wepesi, na mwenye jengo la Charleroi, na mwanangu, na mimi mwenyewe garini, miaka saba iliyopita, nikiwasha redio ili mtoto asiniulize kitu.

Kuhusu sheria nitasema kwa ufupi maana hata kusimulia kunanichefua. Tuliandika malalamiko, watu kumi tulitia sahihi. Mwendesha mashtaka alikuwa mama mwenye adabu sana. Alisoma kila ukurasa. Akasema anatuamini. Akasema makosa yote hayo muda wake umepita, sheria haimfikii tena. "Yaani tungemlalamikia lini?" Etonde akamuuliza. "Tulipokuwa hatuna pasipoti?" Yule mama akatazama meza.

Tulipotoka pale, kwenye ngazi za mahakama, fundi bomba wa Namur akasema jambo. Akasema, yule bwana kazi yake ni kukaa jukwaani. Akikosa kukaa jukwaani hana kazi. Na tiketi ya jukwaani inauzwa kwa mtu yeyote.

Ndivyo tulivyoanza. Tuna zamu. Mechi za vijana, mechi za akiba, popote anapokwenda Dewachter kutazama wachezaji, mmoja wetu anakuwepo, amevaa vizuri, amenyoa ndevu, ameketi nyuma yake au kando yake. Hatumtukani. Hatumgusi. Tunamsalimu. "Habari za mchana, bwana Rik. Lansana Bangura anakusalimu." Halafu tunatazama mpira. Wazazi waliokaa karibu wanauliza, Lansana ni nani? Na sisi, kwa kuwa ni watu wenye adabu, tunawaeleza. Mwezi wa kwanza wa zamu zetu alicheka. Mwezi wa pili aliita walinzi, walinzi wakaomba tiketi, tiketi zipo. Mwezi wa tatu nilimkuta kwenye mechi moja Mechelen amekaa peke yake, viti vitatu kila upande vitupu, na mama mmoja wa Kiganda akiwa na mwanawe akapita mbele yake bila kumpa mkono.

Jina hajalitaja mpaka leo.

Mwezi wa Oktoba Morlaye alicheza mechi yake ya kwanza akiwa na jezi ya Ubelgiji, vijana, dhidi ya Norway, kule Leuven. Makale alinunua skafu. Mimi nilivaa koti langu la kazi, sikuvaa rangi yoyote. Nilimwambia nakwenda kwa sababu ya gari, kwa kuwa yeye haendeshi barabara kuu. Wimbo wa taifa ulipoanza watu wote wakasimama, na mimi nikasimama. Kwenye televisheni kubwa walionyesha nyuso za wachezaji mmoja baada ya mwingine. Morlaye alikuwa anaimba. Jirani yangu wa nyuma, mwanaume mwenye bia, akasema kwa sauti, "Hivi leo ni Norway na nani, Kongo?" Wenzake wakacheka.

Nikageuka.

"Namba saba ni mwanangu," nikasema. "Sema tena. Niangalie usoni, useme tena."

"Aa, mzee, utani tu."

"Mimi sicheki. Sema tena."

Makale akanivuta koti. Yule mtu akatazama bia yake. Nilibaki nimegeuka hivyo mpaka wimbo ukaisha, na dakika mbili za mwanzo za mechi sikuziona, nilikuwa naitazama sura yake, nami nataka aijue yangu, akiniona tena mahali anijue.

Morlaye hakufunga. Alipiga krosi nzuri mbili, akapoteza mipira mingi, akatolewa dakika ya sabini. Walitoka sare. Baadaye alitukuta kwenye maegesho, nywele mbichi, akaingia kiti cha nyuma.

"Umesimama wakati wa wimbo," akasema.

"Nilikuwa natafuta kiti changu."

"Baba. Ulikuwa umeshakaa. Nilikuona."

Nikawasha gari. Makale akageuza uso dirishani, mabega yakimtikisika kwa kicheko. Tulipofika barabara kuu Morlaye akasogea mbele, akaweka viwiko kati ya viti vyetu.

"Jumamosi zamu ya nani?"

"Etonde. Anakwenda Genk."

"Mimi Jumamosi sina mechi. Nitakwenda naye."

"Huendi. Una jina la kulinda. Hii si kazi yako."

"Baba," akasema, "sijakuomba ruhusa," akatoa simu mfukoni akaanza kumwandikia Etonde.